Kutoka Kushoto Kwenda Kulia: Historia ya Kuusikiliza Mpira wa Kikapu wa Vyuo Vikuu vya Marekani

Mpira wa kikapu haukubuniwa kwa ajili ya masikio. Kandanda humpa mtangazaji wa redio nafasi ya kupumua: mpira ukitoka nje anaweza kuwasalimu wasikilizaji, akamtaja mdhamini, kisha akarudi uwanjani na kukuta hakuna kilichoharibika. Katika kikapu wachezaji kumi hubanana kwenye sakafu ya urefu wa mita 29 hivi, na mpira unaweza kwenda na kurudi kabla sentensi moja haijakamilika. Hata hivyo, tangu zama za redio za kwanza Wamarekani wamekuwa wakiusikiliza mchezo huu redioni, hasa ule wa vyuo vikuu, na hawakuacha hata televisheni ilipoingia katika kila sebule.

Kwa nini? Jibu la haraka ni kwamba hawakuwa na njia nyingine. Jibu hilo linafaa kwa miaka ya mwanzo tu. Hoja yangu katika insha hii ni kwamba redio ilidumu kwa sababu mtangazaji wake alikuwa mtu wa nyumbani. Televisheni ya taifa ilipaswa kuzungumza na pande zote mbili za uwanja. Redio ya chuo ilizungumza na upande mmoja, kwa lafudhi yao, ikijua furaha zao na donda zao. Hata matangazo ya mtandaoni tunayoyasikiliza leo yalianza na watu waliotaka kuisikia sauti hiyo wakiwa mbali. Lakini sauti ya nyumbani ina mipaka yake: si kila aliyeishi mjini alihesabiwa kuwa mwenye nyumba. Nitalirudia jambo hili, kwa maana historia nyingi za redio ya michezo hulipita haraka.

James Naismith aliuanzisha mchezo huu Desemba 1891 mjini Springfield, jimbo la Massachusetts. Mwaka 1898 alihamia Chuo Kikuu cha Kansas, na vyuo vikawa kitalu cha mchezo kwa miongo mingi kabla ya ligi ya kulipwa kupata nguvu. Redio nayo ilianza karibu na vyuo. Kituo cha KDKA cha Pittsburgh kilitangaza matokeo ya uchaguzi wa rais tarehe 2 Novemba 1920. Wakati huohuo Chuo Kikuu cha Wisconsin kilikuwa na kituo chake cha majaribio kilichotoka katika idara ya fizikia, ambacho mwaka 1922 kilipewa jina la WHA. Kwa hiyo mchezo, mtambo na wasikilizaji wa kwanza mara nyingi vilikuwa ndani ya uzio mmoja.

Kuna jambo dogo la kanuni ambalo nadhani liliwasaidia watangazaji wa mwanzo. Hadi msimu wa 1937–38, kila kikapu kilipofungwa mpira ulirudishwa katikati na kurushwa juu upya, wachezaji wawili warefu wakaugombea. Mtangazaji alipata sekunde kadhaa za kutaja mfungaji na matokeo. Kanuni ilipofutwa, mchezo ukawa mto usiosimama, na redio ikalazimika kutafuta lugha mpya.

Lugha hiyo inahusishwa sana na Marty Glickman wa New York. Huyu alikuwa mkimbiaji aliyesafiri na timu ya Marekani kwenda Olimpiki ya Berlin mwaka 1936, akaondolewa katika mbio za kupokezana vijiti yeye na Sam Stoller, wote wawili Wayahudi, mbio zikiwa karibu kabisa. Baadaye alikuwa mtangazaji wa michezo ya vyuo katika ukumbi wa Madison Square Garden. Alichofanya Glickman ni kuuchorea uwanja ramani kwa maneno. Kila sehemu ya sakafu ilipata jina lake: njia iliyo mbele ya kikapu, kichwa cha duara, kona, mstari wa pembeni. Msikilizaji akishayajua majina hayo hakuhitaji kuelezwa tena mpira uko wapi. Jina moja lilitosha kumweka mchezaji mahali pake. Hata mlio wa wavu mpira unapopita bila kugusa chuma ulipata neno lake.

Sisi wanafunzi wa Kiswahili tunapaswa kulitazama jambo hili kwa makini. Katika kandanda lugha yetu ina ramani kama hiyo. Mtangazaji akisema mpira uko katika eneo la hatari, hakuna mpenzi wa soka atakayeuliza ni wapi. Katika kikapu bado tunazunguka: tunasema "pale karibu na kikapu", kisha tunaongeza maelezo, na maelezo yakiisha mpira umeshafika upande wa pili. Tatizo la istilahi tunalolijadili darasani kwa utulivu, mtangazaji wa redio hulitatua akiwa na nusu sekunde mkononi.

Ramani ya maneno haikutosha peke yake. Ilihitaji mtu wa kuisoma, na hapa jimbo la Kentucky ndilo mfano ulio tajiri zaidi. Kentucky haina timu ya NBA hata leo. Chuo Kikuu cha Kentucky, kilichoko Lexington, kimekuwa ndiyo timu ya jimbo, na kwa miaka mingi watu wa milima ya mashariki, wachimba makaa na wakulima, waliijua timu hiyo kwa sauti tu. Cawood Ledford, mzaliwa wa wilaya ya Harlan katika milima hiyohiyo, alianza kuitangaza mwaka 1953 na kuendelea hadi 1992. Mwanzoni hakuwa peke yake. Vituo kadhaa vilituma kila kimoja mtangazaji wake, na familia zilibishana ni yupi bora. Mwishoni mwa miaka ya 1960 matangazo yaliunganishwa kuwa mtandao mmoja wa vituo, Ledford akawa sauti ya wote.

Kituo chake, WHAS cha Louisville, kilirusha matangazo kwenye mawimbi ya kati, kilohezi 840, kwa nguvu ya wati 50,000. Mchana mawimbi hayo husafiri karibu na ardhi na kufifia. Usiku hupanda hadi tabaka la juu la anga liitwalo ionosfia, yakarudishwa chini mamia ya kilomita mbali. Michezo mingi huchezwa usiku, majira ya baridi. Mtu wa Kentucky aliyekwenda kutafuta kazi katika viwanda vya majimbo mengine aliweza kukaa garini, akaisogeza sindano ya redio polepole, akaipata sauti ya kwao katikati ya mikwaruzo. Si ajabu waliipenda.

Kabla ya mchezo kuanza Ledford aliwaambia wasikilizaji timu yao itashambulia kutoka upande gani wa redio yao: kutoka kushoto kwenda kulia, au kinyume chake. Alimaanisha ule mstari wa namba za masafa usoni pa redio. Ninaliona tendo hili kuwa la akili kubwa. Redio ya mezani iligeuka kuwa uwanja. Msikilizaji alijua macho yake yaelekee wapi ingawa hapakuwa na kitu cha kuona.

Sasa tuutazame mlango wa nyumba hiyo. Timu iliyopendwa kiasi hicho ilikuwa ya Wazungu watupu. Tarehe 19 Machi 1966, katika fainali ya mashindano ya NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, Kentucky ya kocha Adolph Rupp ilikutana na Texas Western ya kocha Don Haskins, ambayo wachezaji wake watano walioanza wote walikuwa weusi. Texas Western ilishinda 72–65. Kentucky haikuwa na mchezaji mweusi katika timu yake kuu hadi Tom Payne alipoichezea msimu wa 1970–71. Kwa hiyo kwa zaidi ya miaka kumi na mitano ya kazi ya Ledford, Mmarekani mweusi wa Louisville aliyewasha redio alisikia timu ya jimbo lake ambayo mwanawe asingeweza kuichezea. Kodi yake ilisaidia kukiendesha chuo hicho, lakini nafasi uwanjani hakuwa nayo.

Mfano mzito zaidi ni wa mchezo ambao hakuna redio iliyoutangaza. Asubuhi ya Jumapili tarehe 12 Machi 1944, mjini Durham, North Carolina, watu wengi wakiwa kanisani, timu ya shule ya tiba ya Chuo Kikuu cha Duke iliingia kimyakimya katika ukumbi wa chuo cha weusi cha mji huohuo, ambacho leo kinaitwa North Carolina Central University. Wenyeji walifundishwa na John McLendon, aliyekuwa amesoma Kansas na kujifunza chini ya Naismith mwenyewe, ingawa kwa sababu ya rangi yake hakuruhusiwa kuichezea timu ya chuo. Milango ilifungwa kwa ufunguo. Wenyeji walishinda 88–44. Kisha wachezaji wakafanya jambo la hatari zaidi: wakachanganya timu, weusi na weupe upande mmoja, wakacheza tena. Mwandishi wa gazeti la weusi la Carolina Times alijua, akakubali kutoandika. Habari hizi zilijulikana kwa umma mwaka 1996, mwanahistoria Scott Ellsworth alipozichapisha.

Ninapousoma mkasa huo najiuliza kipaza sauti kingefanya nini pale. Jibu ni kwamba kingewaletea polisi. Tumezoea kuamini kuwa kutangazwa ni heshima na kutotangazwa ni kunyimwa. Hapa ukimya ndio uliowalinda wachezaji. Na bado, kwa ukimya huohuo, timu iliyofunga pointi 88 ilikaa nje ya kumbukumbu za taifa kwa zaidi ya nusu karne. Anayeandika historia ya matangazo kwa kutegemea kanda zilizohifadhiwa atawasikia waliokuwa na masafa, na hao tu.

Televisheni ilikuja na kishindo chake. Tarehe 20 Januari 1968, Houston iliishinda UCLA 71–69 ndani ya Astrodome mbele ya watazamaji 52,693, katika mchezo ulioonyeshwa karibu nchi nzima usiku. Mwaka 1979 fainali ya Michigan State ya Magic Johnson dhidi ya Indiana State ya Larry Bird iliweka rekodi ya kutazamwa, na Septemba mwaka huohuo ESPN ilianza kurusha matangazo. Kwa hesabu ya kawaida, redio ilipaswa kufa.

Haikufa. Huko North Carolina watu walizoea kuwasha televisheni, wakaizima sauti, kisha wakafungua redio na kumsikiliza Woody Durham, mtangazaji wa Chuo Kikuu cha North Carolina kuanzia 1971 hadi 2011. Picha ilikuwa ya taifa na maneno yalikuwa ya nyumbani. Durham alikuwa na ada yake: mchezo ukifika mahali pa kukata roho aliwaambia wasikilizaji waende mahali wanapokwendaga na wafanye wanachofanyaga. Kila familia ilielewa. Huyu alihamia kiti chake cha bahati, yule akatoka uani, mwingine akageuza kofia. Mtangazaji wa televisheni ya taifa asingeweza kusema maneno hayo, maana angekuwa anawaombea bahati nusu ya watazamaji wake dhidi ya nusu nyingine. Durham alitangaza zaidi ya michezo 1,800 ya kikapu na ya kandanda ya Kimarekani. Baada ya kustaafu alipatwa na ugonjwa wa ubongo ambao humnyang'anya mtu maneno kidogo kidogo, akafariki Machi 2018.

Uaminifu kwa upande mmoja haukumaanisha upofu. Tarehe 28 Machi 1992, huko Philadelphia, Kentucky iliongoza dhidi ya Duke kwa pointi moja, sekunde 2.1 zikiwa zimebaki katika muda wa nyongeza. Grant Hill alirusha mpira kutoka mwisho mmoja wa uwanja, Christian Laettner akaudaka akiwa amekipa kikapu mgongo, akageuka, akafunga. Duke ilishinda 104–103. Huo ndio ukawa mchezo wa mwisho wa Ledford kuitangaza Kentucky, na aliuhitimisha kwa utulivu ule ule wa miaka 39. Kocha wa Duke, Mike Krzyzewski, alikwenda kwenye meza yake na kuzungumza na wasikilizaji wa Kentucky kupitia kipaza sauti chake. Mshindi alijua wapi pa kuwapata watu aliowaumiza. Leo sakafu ya uwanja wa Rupp Arena inaitwa kwa jina la Cawood.

Masafa ya usiku yalikuwa ya kubahatisha, na mhitimu aliyehamia mbali sana hakupata kitu. Wengine walimpigia simu ndugu yao na kumwomba aweke mkono wa simu karibu na redio, na gharama ikawa ya dakika kwa dakika. Suluhisho lilitoka tena karibu na vyuo. Tarehe 7 Novemba 1994 WXYC, redio ya wanafunzi wa North Carolina, ilianza kurusha matangazo yake kwenye intaneti, na wiki chache baadaye KJHK, redio ya wanafunzi wa Kansas, ikafanya hivyo. Hao walipiga muziki zaidi. Aliyeleta kikapu ni kampuni ya AudioNet ya Dallas, iliyopata jina hilo mwaka 1995, ikiwa na Todd Wagner na Mark Cuban, wote wahitimu wa Chuo Kikuu cha Indiana waliotaka kuisikia timu yao wakiwa Texas. Kompyuta moja ya kuhudumia wasikilizaji na laini moja ya simu ya kidijitali vilitosha kuanzia. Mwaka 1998 kampuni ilibadili jina kuwa Broadcast.com, na mwaka uliofuata Yahoo ikainunua kwa hisa zenye thamani ya dola bilioni 5.7. Hamu ya nyumbani imewahi kuuzwa kwa bei hiyo.

Hapo ndipo historia hii inatufikia sisi. Hasheem Thabeet, mzaliwa wa Dar es Salaam, aliichezea Connecticut kuanzia 2006 hadi 2009. Usiku wa tarehe 12 Machi 2009, miaka 65 kamili baada ya ule mchezo wa siri wa Durham, timu yake ilikutana na Syracuse katika Madison Square Garden. Muda wa kawaida uliisha kwa 71–71. Ikahitajika mizunguko sita ya nyongeza, Syracuse ikashinda 127–117. New York ilikuwa saa 7:22 usiku. Dar es Salaam ilikuwa saa 2:22 asubuhi, watoto wako darasani. Aliyetaka kumfuata Thabeet kwa sauti kutoka huko hakuhitaji tena ionosfia. Alihitaji intaneti isiyokatika kwa zaidi ya saa tatu na nusu, na mara nyingi ada, kwani vyuo vingi vilikuwa vikiiuza sauti hiyo.

Siku hizi njia ni rahisi zaidi, ingawa ina vikwazo vyake. Vyuo huuza haki za matangazo kwa kampuni, kubwa kati yake ikiwa Learfield, ambayo programu yake ya Varsity Network hutoa bila malipo sauti ya vyuo vingi. Mashindano ya Machi hutangazwa kitaifa na Westwood One. Ipo pia redio ya setilaiti ya kulipia. Anayefungua tovuti ya kituo kidogo cha Kentucky akitumaini kuusikia mchezo mara nyingi atakuta vipindi vingine, maana kituo kimeuziwa haki ya kurusha hewani, si mtandaoni. Vyuo vidogo, vikiwamo vya weusi vilivyokosa masafa zamani, vimefaidika: njia ya mtandaoni haihitaji mnara, na wanafunzi wenye kompyuta na vipaza sauti viwili wanaweza kutangaza timu yao ya wanawake kama ya wanaume.

Kilichopotea ni kusikia kwa pamoja. Sauti ya mawimbi ya kati ilifika papo hapo. Ya mtandaoni huchelewa nusu dakika au zaidi, na televisheni ya kidijitali nayo huchelewa kwa kipimo chake. Wazee wa North Carolina waliozima sauti ya televisheni sasa hulazimika kuisimamisha picha na kuiachia tena mpaka ilingane na maneno. Ujumbe wa rafiki huingia kwenye simu ukisema "tumeshinda" wakati mtangazaji wako bado anahesabu sekunde tatu.

Kwa msomaji atakayetaka kujaribu: mchezo wa saa moja jioni ya New York majira ya baridi ni saa tisa usiku kwetu, na kuanzia katikati ya Machi ni saa nane. Sauti hula bando kidogo sana kuliko picha. Zima arifa zote za matokeo. Kisha chagua mtangazaji wa upande mmoja, hata kama timu huijui, na uanze naye kabla mpira haujarushwa. Wapo ambao hadi leo huwaambia wasikilizaji kwamba timu itashambulia kutoka kushoto kwenda kulia kwenye redio zao, ingawa wengi wao wanasikiliza kwa simu isiyo na sindano wala mstari wa namba.